Kulisha Mwanzi

Aghalabu mwalimu hudhani kwamba kukosea ni jambo la wanafunzi. Sisi kosa letu tulilifanya nyuma ya nyumba yetu wenyewe, hapa Dabani, na kilichotusahihisha ni kichaka cha mianzi.

Kichaka hicho cha mianzi ya manjano yenye michirizi ya kijani tuliachiwa na marehemu baba yetu. Alikipanda zamani, Dabani ilipokuwa ingali katika Wilaya ya Tororo, kabla Busia haijafanywa wilaya mwaka 1997. Kila mvua za Machi zilipokaribia, alibeba samadi ya ng'ombe iliyokwisha kuoza, akaitandaza kuzunguka kichaka, akanyunyiza majivu kidogo ya jikoni, kisha akarudisha juu yake majani makavu yaliyoanguka. Hatukumwuliza sababu, naye hakuwa mtu wa kueleza.

Alipofariki, tuliishika kazi kwa bidii ya mtu aliyesoma. Majani yale tuliyaona ni uchafu. Kila Jumamosi tuliyafagia na kuyachoma moto, na uwanja ukapendeza mno. Samadi nayo tuliiacha, kwa kuwa ilinuka. Baada ya miaka michache machipukizi yalitokea haba, membamba kama kidole. Tukanunua urea dukani, tukaimwaga mashinani mwezi wa Januari, ardhi ikiwa kavu. Majani yakaungua ncha, na baadhi ya mashina yakakauka. Usiku usingizi ulitupaa: urithi wa mzazi ulikuwa ukitufia mikononi.

Mzee mmoja jirani, rafiki wa marehemu, alipita akakitazama kichaka. "Mwalimu," alisema, "mmeunyang'anya mwanzi chakula chake, kisha mkaulambisha chumvi bila maji."

Ndipo tulipoketi kujifunza. Mwanzi ni jamaa ya nyasi, kama mahindi na miwa, nao hupenda naitrojeni. Urea ina sehemu 46 za naitrojeni katika kila sehemu 100; ni kali mno kwa mizizi yenye kiu. Majani makavu nayo yana silika, madini yanayoimarisha shina. Yakiachwa chini huhifadhi unyevu, na yakioza hurudisha mali yake udongoni. Ni nani aliyepeleka mbolea Mlima Elgon, ambako Wagisu huchuma malewa, yale machipukizi ya mwanzi wanayoyakausha kwa moshi? Msitu hujilisha kwa majani yake wenyewe.

Lakini lililotugusa zaidi ni hili. Shina la mwanzi hutoka ardhini likiwa na unene wake wa mwisho. Hurefuka kwa miezi michache tu, wala halinenepi tena. Chakula linachotumia huwa kimekwisha wekwa akiba na mashina yaliyotangulia. Basi samadi ya leo hailinufaishi sana chipukizi tunalolitazama, bali lile ambalo halijaonekana. Mianzi minene tuliyoisifu baba alipokwisha kufariki ilikuwa imelishwa na mikono yake. Ile miembamba ndiyo iliyokuwa matunda ya ufagio wetu.

Tuliirudia desturi ya mzazi: samadi iliyooza, unene wa vidole vinne, isiguse mashina; majivu kidogo; majani juu yake. Mashina machanga hatukuyakata. Mwaka wa kwanza hatukuona tofauti, nasi tulikaribia kukata tamaa. Mwaka wa tatu yalichomoza machipukizi manene kama kifundo cha mkono.

Tunayasema haya kwa walimu wenzetu kwa sababu tangu Baraza la Mawaziri la Uganda lilipoidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi, Julai 2022, wengi wanatuuliza matunda yako wapi. Hapana budi tujiulize pia tunavyolisha. Mtoto wa mpakani huja darasani na Kiswahili chake cha sokoni Busia. Tunakifagia kama takataka, kisha mtihani ukikaribia tunamwaga sarufi kwa gunia juu ya ardhi kavu. Sarufi haina kosa, kama urea isivyo na kosa. Ila huhitaji udongo uliokwisha kutayarishwa.

Jumamosi tungali twafagia uwanja. Tufikapo kichakani, ufagio tunauweka chini.