Kisumu, Mji wa Mwisho wa Reli

Mdogo wangu ni mkulima wa mahindi na ng'ombe wa maziwa katika upande wa Kakamega. Mwaka jana alipata habari kwamba kiwanja kinauzwa Kisumu, karibu na gati, naye akaazimia kuuza ekari moja ya shamba tulilorithi kwa baba ili akinunue na kujenga ghala. Bandari imefufuka, alisema, na asiyenunua sasa atajuta. Kwa kuwa ekari ile haiwezi kuuzwa pasipo sahihi yangu, niliomba ruhusa ya siku mbili kazini nikauone mji huo kwa nia ya mnunuzi, maana siku zote nilikuwa nikiupita tu kwa haraka.

Gari lishukapo mlima wa Riat, msafiri huliona ziwa limetandikwa mbele yake kama mkeka, na kando yake mabati ya nyumba yakimetameta. Hesabu ya watu ya 2019 ilikuta karibu watu 400,000 katika mji huu. Autazamaye kutoka juu hudhani kwamba umekuwapo tangu zamani za kale. Sivyo, ndugu msomaji. Wakati wa misafara ya miguu, mahali palipojulikana ni Mumias, penye makao ya Nabongo Mumia, ambapo wasafiri waendao Uganda walipumzika na kununua chakula. Mwaka 1901 reli iliyoanzwa Mombasa 1896 ikafika ziwani, na wageni wakapaita mahali hapo Port Florence. Tangu hapo msafara haukuwa na haja tena ya kupita Mumias, na mwaka 1920 hata makao ya serikali yalihamishwa kutoka huko yakapelekwa Kakamega. Watu wa Mumias hawakuwa wavivu, wala ardhi yao haikuharibika. Njia ndiyo iliyohama.

Kisumu nayo ilipata neema kwa sababu moja iliyo rahisi kueleza: reli ilikoma hapo. Mzigo uliotoka Mombasa ulishushwa katika behewa, ukahesabiwa, ukalazwa ghalani, kisha ukapakiwa melini kwenda Uganda. Pamba ya Uganda nayo ilivuka ziwa, ikashushwa, ikapakiwa tena kwenda pwani. Hata meli zenyewe zililetwa vipande vipande kutoka Uingereza zikaungwa huko ziwani. Fikiri ni mikono mingapi iliyohitajiwa: hamali, karani wa kuandika magunia, fundi wa mitambo, mama wa kupika uji, mwenye nyumba ya kulala wageni, fundi cherehani wa kuwashonea wote hao. Shilingi moja ya mshahara wa gatini ilipita katika mifuko mitano kabla ya kutoka mjini.

Lakini kilichojenga ndicho kilichoweza kubomoa. Reli nyingine ilitoka Nakuru ikapita Eldoret, na mwaka 1931 ikafika Kampala. Kuanzia mwaka huo pamba ya Uganda iliweza kwenda Mombasa bila kuguswa na mtu wa Kisumu. Nimefanya kazi ya ukarani miaka mingi, nami najua kwamba sahihi ya mkubwa mmoja, aliye mbali, yaweza kuamua kama mama fulani atauza uji kesho au la.

Nilifika gatini asubuhi. Hapo nilimkuta mzee mmoja ameketi kivulini, aliyekuwa hamali wakati wa ujana wake. Nilimwamkia, akanikaribisha.

"Mzee, kiwanja cha hapa chafaa kununuliwa?" nikamwuliza.

"Mwanangu," akajibu, "usiniulize kiwanja. Niulize meli ngapi nimeziona wiki hii."

Nikamwuliza, naye akaonyesha kidole kimoja.

Aliniambia jinsi walivyokuwa wakipokezana zamu mchana na usiku, hata Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977. Meli ziligawanywa kati ya nchi tatu, na mpaka wetu na Tanzania ukafungwa mpaka 1983. Baadaye, katika miaka ya 1990, gugumaji lilifunika ghuba hata mitumbwi ikashindwa kutoka. Ni kweli kwamba gati limetengenezwa upya katika miaka ya karibuni, na meli ya Uhuru, ya tangu miaka ya 1960, imepata kurudi majini kubeba mafuta. Gari la moshi la abiria kutoka Nairobi nalo lilirudi Desemba 2021. Lakini mafuta hupita katika bomba, na bomba halihitaji hamali wala uji. Hilo ndilo mdogo wangu hakulifikiri. Bandari yaweza kufanya kazi nyingi na bado isimpe mwenye ghala mteja hata mmoja.

Basi mji unaishi kwa nini? Jibu nililiona Jumapili, katika soko la Kibuye. Ndizi zilikuwa zimetoka Kisii, mchele Ahero, dagaa waitwao omena kutoka ufukoni, na mitumba imerundikwa kama vichuguu. Mfanya biashara wa Busia alikuwa akipatana bei na mama wa Nandi. Humo hamna mzigo wa kupita tu. Kila kitu kinauzwa na kununuliwa papo hapo. Ukiongeza mahospitali, vyuo na ofisi za kaunti, utaona kwamba Kisumu imeacha kuwa mlango wa Uganda, imekuwa duka la watu wanaoizunguka. Nilikaa Kibuye muda mrefu kuliko nilivyokusudia, nikarudi na viatu vimejaa matope.

Mdogo wangu hakufurahi nilipokataa kutia sahihi. Alinyamaza siku tatu, na mke wake ndiye aliyetupatanisha. Mwisho alikodi nafasi ndogo Kibuye, na sasa kila Jumapili hupanda gari saa kumi ya usiku na magunia ya mahindi mabichi. Ekari ingali yetu. Kiwanja cha gatini kilinunuliwa na mtu mwingine, akakizungushia ukuta na lango la chuma, na kila nipitapo huliona lango hilo lina kufuli. Mdogo wangu hulitazama pia. Ameniambia waziwazi kwamba siku atakayoona malori yamepanga foleni mbele yake, atakuja kunidai.