Ng'ombe wa Mjane na Deni Letu

Twapenda kuwaeleza jambo lililotupata sisi wenyewe hapa Uchagani. Hatulisemi kwa kujisifu, maana mwanzo wake ulitutia aibu. Ila huenda likamfaa mwenye nyumba anayedai au anayedaiwa.

Jirani yetu mmoja, fundi seremala, alikuwa mtu mpole lakini mwepesi wa kukopa. Mwenye duka alimdai shilingi 900,000, mwuza mbao 600,000, nasi 300,000. Sote watatu tulikuwa tumepata hukumu katika mahakama ya wilaya. Mwenye duka akatangulia kuomba hukumu yake ikazwe, na dalali wa mahakama akaja akakamata pikipiki, mbao zilizopangwa uani, na ng'ombe mmoja aliyekuwa zizini. Misumeno na randa hakuzigusa, wala vitanda, nguo na sufuria, kwa kuwa sheria yakataza kumnyang'anya fundi zana zake na watu wa nyumbani vitu vyao vya lazima. Kisha tangazo la mnada likabandikwa.

Mwenye duka alidhani kwamba aliyetangulia kukamata ndiye mwenye vyote. Sivyo. Kanuni ya jambo hili ni ya zamani. Imo katika sheria ya India ya mwaka 1908, iliyotumika Tanganyika wakati wa Waingereza, na ikahifadhiwa katika Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966. Wenye hukumu za fedha juu ya mdaiwa mmoja, wakipeleka maombi ya kukaza hukumu kabla mahakama haijapokea fedha za mnada, hugawana kwa kadiri ya madeni yao, gharama zikiisha kutolewa. Basi sisi na mwuza mbao tukafanya haraka kupeleka maombi yetu.

Lakini yule ng'ombe hakuwa wa fundi. Alikuwa wa mjane, jirani yetu, aliyemweka kwa fundi kwa desturi yetu: mfugaji hupata maziwa na samadi, na ng'ombe hubaki mali ya mwenyewe. Siku alipokabidhiwa palikuwa na mashahidi wawili. Mmoja amekwisha kufariki. Wa pili ni sisi. Hati haikuandikwa.

Tukapiga hesabu usiku. Pikipiki na mbao zingeleta kama shilingi 1,200,000. Ng'ombe angeongeza 600,000, na madeni yote yangelipwa kamili. Bila ng'ombe, kila mdai angepata theluthi mbili tu. Siku mbili tukanyamaza, tukijiambia kwamba hatujaitwa na mtu. Siku ya tatu mama watoto akatuuliza, "Kama mjane angekuwa mama yetu, tungengoja kuitwa?" Hatukuwa na jibu, sisi tunaofundisha wengine kusema kweli.

Tukamwendea mjane, tukamhimiza alete pingamizi mahakamani upesi, kabla ya mnada, kwa maana pingamizi linalocheleweshwa makusudi laweza kukataliwa bila kuchunguzwa. Hakimu akaahirisha kumwuza ng'ombe, akauliza neno moja kubwa: siku ya kukamatwa, fundi alimshika ng'ombe kwa haki yake mwenyewe, au kwa amana ya mwingine? Tukasema tulichokiona. Wakili wa mwenye duka akatuuliza kwa ukali iwapo nasi si wadai. Tukajibu kwamba ndivyo, na kwamba kwa ushahidi huu twajipunguzia fungu letu. Ng'ombe akaachiliwa.

Mnada ukaleta, gharama zikiisha kutolewa, shilingi 1,200,000. Mwenye duka akapata 600,000, mwuza mbao 400,000, nasi 200,000. Laki moja iliyobaki bado twamdai fundi, naye hulipa kidogo kidogo kwa kazi ya randa ile ile aliyoachiwa.

Ndugu zetu, yashikeni haya. Mkiweka mnyama au chombo kwa mtu, andikeni hati, nanyi walimu wasaidieni wasiojua kuandika. Mkisikia mali yenu imekamatwa kwa deni la mwingine, msingoje nyundo ya mnada. Na mdai akijua kwamba kitu si cha mdaiwa, aseme mapema, kabla hesabu ya fungu lake haijamfunga kinywa. Sisi ilitufunga siku mbili, na siku hizo hatuzisahau.