Sekunde Arobaini za Mjomba

Likizo iliyopita nilirudi Kahama na simu iliyojaa chaji na kichwa kilichojaa majivuno. Nilitaka kutengeneza filamu ya dakika kumi kuhusu maisha jirani na Buzwagi, mgodi ulioanza kuzalisha 2009 na sasa umefungwa. Nilirekodi vyumba vya kupanga vilivyobaki vitupu. Nilimrekodi mama ntilie aliyekuwa akipika masufuria matatu, leo anapika moja. Mjomba ndiye aliongea vizuri kuliko wote. Aliongea mpaka akamtaja kiongozi mmoja kwa jina, akacheka, akaendelea.

Usiku akanigongea mlango. "Mjomba, pale nilipomtaja yule, pafute."

Nikabisha. Nikamwambia hizi siyo enzi za Idi Amin! Hapo nikajiponza mwenyewe, maana kisa cha Amin nakijua. Mwaka 1974 mwongozaji Barbet Schroeder alitoa filamu kuhusu Amin, na Amin alishiriki kwa raha zake, hadi akawapanga wanajeshi waigize kuivamia milima ya Golan. Filamu ilipoonyeshwa Ulaya, kuna vipande havikumpendeza. Akataka vikatwe, Schroeder akagoma. Basi Amin akawakusanya Wafaransa waliokuwa Uganda, akawaweka hotelini, akaizungushia askari, akawapa namba ya simu ya Schroeder wampigie wenyewe. Jamaa akakata, kama dakika mbili na nusu hivi. Zilirudishwa Amin alipoanguka, 1979.

Nilipokisoma kisa hicho maktaba, nilimwona Schroeder mwoga kidogo. Ni rahisi kuwa jasiri ukiwa maktaba.

Mjomba anaishi kwa vibarua, na vibarua hugawiwa na watu wanaojuana. Hakukuwa na askari yeyote pale nje. Alikuwa amesimama mlangoni na shuka mabegani, tochi mkononi, akisubiri jibu.

Nikakata sekunde arobaini mbele yake. Mliokuja kwenye onyesho letu mnapakumbuka pale picha inaporuka: Mjomba anafungua mdomo, mara mama ntilie anasonga ugali. Kuna mtu nyuma alipaza sauti, "Umeunga vibaya, kaka!" Ukumbi ukacheka. Nikajibu kwamba simu ilijaa.

Kipande chenyewe ninacho. Kiko kwenye flashi, ndani ya soksi, chini ya kitanda hapa hosteli. Mjomba anadhani nilikifuta, na akinipigia simu huwa ananishukuru.