Hesabu ya Watu na Neno "Ikiwa"



Ndugu wazazi, baada ya darsa ya Alasiri hapa Nyamirambo, watoto hutuletea madaftari yao ya shule. Hesabu inayowasumbua zaidi ni ya ongezeko la watu. Mzazi mmoja akatuuliza: je, hesabu hizi si mlango wa kutuambia tusizae, ilhali riziki ni ya Allah (S.W.)? Swali hilo ni zito. Tulimjibu kwa kuifanya hesabu yenyewe.

Sensa ya Rwanda ya mwaka 2012 ilipata watu milioni 10.5. Kasi ya ongezeko hadi sensa ya 2022 ilikuwa asilimia 2.3 kwa mwaka. Watoto wengi huzidisha 2.3 kwa 10, wakapata asilimia 23, yaani watu milioni 12.9. Hapo ndipo wanapoteleza, kwani walioongezeka mwaka wa kwanza nao huingia katika hesabu ya mwaka wa pili. Basi kila mwaka jumla mpya huzidishwa kwa 1.023, mara kumi. Jibu ni milioni 13.18, na sensa ya 2022 ilipata milioni 13.2! Njia ya kwanza imewaacha nje watu zaidi ya 260,000. Nao wanahitaji maji, madarasa, na nafasi msikitini.

Ipo na njia ya mkato: gawanya 70 kwa kasi. 70 kwa 2.3 ni kama 30. Maana yake watu watakuwa maradufu kwa miaka 30 hivi, ikiwa kasi haitabadilika. Neno "ikiwa" ndiyo roho ya swali. Kati ya 2002 na 2012 kasi ilikuwa asilimia 2.6, kisha ikashuka. Kwa hiyo hesabu haidai kujua ghaibu, wala haimwamrishi mtu azae au asizae. Inatuambia tujiandae, na tawakkul huja baada ya kumfunga ngamia.

Al-Khwarizmi, katika kitabu chake cha al-jabr cha karne ya 9, alitenga sehemu kubwa kwa masuala ya mirathi na wasia. Basi tusiwaambie watoto kuwa hesabu ni ya shule na dini ni ya madrasa. Keti na mwanao, mwandike mwaka wa kwanza, wa pili na wa tatu kwa mkono kabla ya kushika kanuni. Ataelewa inshaallah.

Wabillahi tawfiq.