Barua kwa Zuhura, anayekwenda Berlin

Lindi, 9 Machi

Mwanangu Zuhura,

Sisi huku hatujambo. Mvua zimeanza kwa kishindo, barabara ya kwenda Mipingo imeshakuwa tope tupu, na bibi yako goti limemkaza tena ingawa hakubali kukaa ndani. Baba yako ameezeka upya banda la kuku. Kijana wetu Salum kapata daraja la pili kidato cha nne, tunangoja kuambiwa atapangiwa shule gani. Anakusalimu, na ndiye aliyenikuzia maandishi kwenye simu ili niisome orodha yako ya safari.

Nimeisoma mara mbili, nikahesabu. Mahali kumi na saba kwa siku nne. Mwanangu, hata Mwenge wa Uhuru hupata mahali pa kukesha. Nakuandikia nikuombe upunguze, na wenzio wawili unaofuatana nao uwasomee, maana haya nayasema kwa wote watatu.

Mwaka 1987 nilikuwa Leipzig kwa kozi ya ukunga, wakati ule Ujerumani zikiwa mbili. Mwishoni mwa kozi tukapewa siku mbili za kutembea Berlin, upande wa mashariki. Siku ya kwanza yote iliishia Alexanderplatz, chini ya ule mnara wa televisheni, tukipanga foleni ya viatu na mashuka ya kuleta nyumbani. Siku ya pili tukaenda huku na huku tukipiga picha. Makumbusho ya elimu ya viumbe, ambayo ndiyo niliyoahidi nyumbani kwamba nitakwenda, nilifika imebaki nusu saa wafunge. Nikaingia mbio, nikainua shingo, nikamwona mnyama, yule dinosaria wa mifupa mitupu, amesimama pale hadi darini, nikatoka.

Mnyama yule katoka kwetu. Kati ya mwaka 1909 na 1913 Wajerumani walichimba Tendaguru, hapo kaskazini magharibi ya mji wetu, wakatoa zaidi ya tani 200 za mifupa. Vita vya Majimaji vilikuwa vimekwisha juzi tu, vijiji vingine vimebaki mahame kwa njaa, na watu walihitaji cha kutia tumboni. Mamia wakaenda kuchimba na kubeba. Hapakuwa na reli wala gari. Mifupa ilifungwa kwa mianzi na udongo, ikabebwa begani na kichwani, siku kadhaa kwa miguu mpaka bandarini Lindi. Babu yangu mimi, yaani babu wa baba yako, alikuwa mmoja wa hao wapagazi. Alikuwa na nundu kwenye bega la kulia, ngumu kama kokwa la embe. Nilipokuwa mtoto wa miaka saba aliniruhusu niiguse, akaniambia, hapa ndipo alipokaa yule mnyama.

Niliporudi kutoka Ujerumani, baba hakuuliza habari za viatu. Aliuliza, "Umemwona mnyama wetu?" Nikasema nimemwona. Akauliza, "Mtu akisimama kando ya mguu wake anaishia wapi?" Sikujua. Sikusimama kando ya mguu wake. Hakunigombeza, alichukua kikombe chake cha chai akaenda kukaa baraza ya nyuma. Alifariki miaka miwili baadaye, na hakuniuliza tena. Vipimo nimekuja kuvisoma vitabuni: urefu wake kwenda juu ni mita 13 na ushei, na ule mfupa wa juu wa mguu wa mbele peke yake unapita mita 2. Lakini baba hakuniuliza mita.

Basi sikiliza. Ijumaa asubuhi yote iwe ya Tendaguru. Makumbusho yako Invalidenstraße, kituo cha treni ya chini ya ardhi kinaitwa jina lake hilohilo, Naturkundemuseum. Jumatatu hufungwa, ndiyo maana nakwambia ufike Alhamisi na uondoke Jumapili. Mwaka 2007 walimpanga upya, miguu ya mbele imenyooka kuliko nilivyomwona mimi. Soma maandishi yote. Utaona jina lake, Giraffatitan brancai. Hilo brancai ni la Branca, mkurugenzi wa makumbusho wakati wa uchimbaji. Wewe mtafute Boheti bin Amrani, mtu wa kwetu, aliyekuwa msimamizi mkuu wa wachimbaji na fundi wa kuitoa mifupa maweni bila kuivunja. Mwaka 2007 mnyama mwingine wa Tendaguru alipewa jina lake, Australodocus bohetii. Karibu miaka mia ilipita. Ukiwa na swali, mwulize mfanyakazi wa pale bila woga. Umekwenda kumwona wa nyumbani, usitembee kama aliyeingia kwa watu bila hodi.

Ukitoka hapo panda treni ileile ya njia ya U6 kuelekea kusini, ushuke Platz der Luftbrücke, uswali Ijumaa msikiti wa Şehitlik, ulio kwenye makaburi ya zamani ya Waturuki. Kutoka pale unaweza kwenda kwa miguu mpaka mtaa wa Lucy Lameck, Neukölln. Naam, Lucy Lameck wetu wa Moshi, aliyeanza kwa kusomea uuguzi kama mimi kabla ya kuingia katika siasa za TANU na kuwa waziri mdogo. Mpaka mwaka 2021 mtaa ule uliitwa kwa jina la Wissmann, aliyemnyonga Bushiri kule Pangani mwaka 1889. Ni mtaa wa kawaida, una nyumba za watu na baiskeli zimeegeshwa, hutakuta mnara. Simama tu chini ya kile kibao cha jina. Mimi nikisikia kwamba postamani wa Berlin kila siku anasoma jina la muuguzi wa Kichaga, moyo wangu hutulia kidogo.

Jumamosi nenda Bernauer Straße ukauone ukuta, uliojengwa Agosti 1961 na kufunguliwa Novemba 1989. Ni nje, hakuna kiingilio. Mimi niliuona ukiwa mzima, na askari juu ya minara, na sikuthubutu kuutazama kwa muda mrefu. Kisha uteremke na Brunnenstraße taratibu, macho chini, mpaka nambari 193. Pale kwenye njia ya waendao kwa miguu kuna kijiwe cha shaba ya manjano, upana wake kama kiganja, kimeandikwa jina la mtu aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Aliitwa Mahjub bin Adam Mohamed. Ujerumani walimjua kwa jina la Bayume Mohamed Husen. Alipelekwa vita vya kwanza angali mtoto, upande wa Wajerumani, pamoja na baba yake. Baadaye akaenda Berlin kudai mshahara wao, asiupate. Akakaa, akafanya kazi ya kuhudumia wateja mkahawani, akafundisha Kiswahili, akaigiza katika filamu. Mwaka 1941 akakamatwa kwa kuwa na uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, akatiwa katika kambi ya Sachsenhausen, akafia humo Novemba 1944. Vijiwe vya namna hiyo ni vingi mjini, vingi ni vya Wayahudi. Watu hupita juu yake wakiwahi kazini. Wewe chuchumaa, ukifute vumbi kwa leso, umsomee Fatiha. Huenda hakuwa na ndugu wa kumsomea.

Ile nguzo na lango na makanisa ya kwenye orodha yako, yaone ukipita. Jumapili maduka hufungwa, kwa hiyo siku hiyo itoshe kutembea Wilhelmstraße, palipofanyika ule mkutano wa mwaka 1884 na 1885 wa kuligawa bara letu bila Mwafrika mezani. Nyumba yenyewe haipo tena, lipo bango la kumbukumbu. Karibu na hapo kuna mawe 2,711 ya kuwakumbuka Wayahudi waliouawa. Mle ndani usipige picha za mapozi, na wenzio wakianza uwazuie. Makumbusho ya Pergamon yamo kwenye orodha yako, yafute, wanayakarabati na yamefungwa.

Utakasirika, najua. Mimi ningali nakasirika. Rais wao, Steinmeier, alikuja Songea Novemba 2023 akaomba msamaha kwa yaliyotendwa wakati wa Majimaji, nami nilimsikiliza redioni nikalia. Ila mafuvu ya wazee wetu yaliyochukuliwa yangali kwenye masanduku huko, na hayo mimi nayataka yarudi kabla ya mfupa wowote wa mnyama. Hasira hiyo usimwage kwa mlinzi wa makumbusho wala kwa kijana wa kuuza tiketi. Iandike daftarini kila jioni kabla hujalala, na tarehe.

Sasa ya kujitunza. Vituo vya treni Berlin havina mageti. Utanunua tiketi ya karatasi, uigonge muhuri kwenye kimashine kabla hujapanda, maana wakaguzi wengine huvaa kiraia na faini ni yuro 60. Pasipoti na kadi ya ukaazi ya huko uliko viwe mwilini, mpakani wanaweza kukukagua. Maji ya bomba ni salama, jaza chupa yako. Usitembee kwenye njia ya baiskeli, wale hawapunguzi mwendo. Chakula rahisi ni mkate wa nyama wa Waturuki; kwingineko ukiona neno Schwein, hiyo nguruwe, acha. Aprili bado baridi, chukua lile sweta la bibi hata kama wenzio watalicheka. Usiku mkirudi, mrudi watatu kama mlivyotoka. Katika hili sitaki kusikia lakini.

Zawadi usininunulie. Viatu vya Alexanderplatz nilishavivaa vikachakaa. Ninachotaka ni picha moja. Usogee mpaka watakapokuruhusu, usimame wima kando ya mguu wa mbele wa mnyama, mwenzio akupige kuanzia unyayo mpaka juu, nione kichwa chako kinaishia wapi. Nitaisafisha hapa mjini, na Ijumaa itakayofuata nitakwenda nayo makaburini nikamjibu babu yako.

Ni mimi shangazi yako,
Mwanahawa