Mteja Amehama, Benki Haina Habari

Anwani ya kwanza ambayo mwandishi wa kumbukumbu hizi aliipa benki haikuwa yake. Ilikuwa ya shule. Mwaka 1986, akiwa mwalimu kijana wa shule ya msingi wilayani Kilosa, aliingia katika tawi la Benki ya Taifa ya Biashara, NBC, akajaza fomu kwa kalamu iliyofungwa kamba kwenye kaunta, na penye nafasi ya anwani akaandika sanduku la posta la shule, kupitia kwa Mwalimu Mkuu. Karani hakumuuliza analala wapi. Walimu wote wa shule ile walipokea barua kwenye sanduku hilo hilo, kuanzia posa hadi taarifa za misiba, na ufunguo wake ulikaa kwenye droo ya Mwalimu Mkuu pamoja na chaki.

Tarishi hakuwa akigonga milango ya watu. Barua zilisubiri posta mpaka mwenye ufunguo aende mjini, na kwa hiyo sanduku moja liliweza kubeba ukoo mzima, parokia, au ofisi yenye wafanyakazi lukuki. Mwandishi alipotoka kwenye nyumba ya shule akapanga chumba upande wa pili wa reli, benki haikujua wala haikuhitaji kujua. Kwa hesabu za benki hakuwa amehama.

Benki yenyewe ndiyo ilikuwa ikihama kuliko wateja wake. Baada ya Azimio la Arusha, Februari 1967, serikali ilitaifisha mabenki ya kigeni na NBC ikazaliwa. Mwaka 1991 sheria mpya ikafungua mlango kwa benki binafsi. Mwaka 1997 NBC ikagawanywa, na akaunti za walimu wengi wa wilayani zikaangukia upande wa NMB. Mwandishi alikuwa miongoni mwao. Alilala mteja wa benki moja akaamka mteja wa nyingine, na katika kitabu cha wateja anwani yake ikabaki ile ile ya Mwalimu Mkuu ambaye tayari alikuwa amestaafu.

Wakati huo yeye alikuwa ameshaacha ubao na kuhamia Dar es Salaam kuhariri vitabu vya kiada. Alipanga Tandika, wilaya ya Temeke, chumba na sebule. Baadaye anwani yake benki ikabadilishwa kuwa sanduku la mwajiri.

Swali la mahali anapolala lilikuja baadaye. Mwaka 2006 Tanzania ilipitisha sheria ya kuzuia utakasishaji wa fedha haramu, na benki zikabanwa zimjue mteja: jina lake, kazi yake, chanzo cha fedha zake, na makazi yake. Sanduku la posta halikutosha tena. Benki binafsi aliyokwenda kufungua akaunti ya pili, ambayo haina haja ya kutajwa hapa, ilimtaka alete uthibitisho wa makazi, na karani akamsomea orodha: bili ya umeme, bili ya maji, au mkataba wa pango.

Hapo ndipo ilipoonekana kwamba orodha ile iliandikwa kwa ajili ya watu wengine. Umeme wa Dar es Salaam ulikuwa umeanza kuhamia kwenye LUKU tangu miaka ya 1990. Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo ilimwondolea mpangaji hofu ya kukatiwa umeme kwa deni la mwenzake, lakini pia ilimnyang'anya karatasi pekee iliyotaja nyumba anayoishi. Mwenye LUKU hana bili. Ana risiti yenye tarakimu za kubonyeza kwenye mita, na mita imesajiliwa kwa jina la mwenye nyumba. Tangu Agosti 2021 hata kodi ya jengo hukatwa humo humo kwenye LUKU, na mpangaji huilipia kwanza kisha akabishane na mwenye nyumba. Kwa hiyo analipa umeme wa nyumba na kodi ya nyumba, na bado hana hata kipande kimoja cha karatasi kinachosema anaishi pale. Kwa upande wa mwandishi, maji yalikuwa ya kisima cha jirani. Mkataba wa pango ulikuwa wa mdomo.

Kilichobaki ni barua ya utambulisho. Msomaji wa Tanzania Bara anaijua njia yake: unaanza kwa mjumbe wa nyumba kumi, unapanda kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa, na pengine unamalizia kwa mtendaji. Mfumo wa nyumba kumi ulianzishwa na TANU miaka ya 1960. Vyama vingi viliporudi mwaka 1992 mjumbe akabaki mtu wa chama tawala, lakini watu wa mtaani waliendelea kumwona kama mlango wa serikali, kwa sababu yeye ndiye aliyejua nani anaishi wapi. Zanzibar kazi hiyo ni ya sheha. Barua huandikwa, picha ya pasipoti hubandikwa, na muhuri hugongwa nusu juu ya picha na nusu juu ya karatasi ili picha isibanduliwe. Ofisi aliyokwenda mwandishi iliomba pia mchango wa karatasi na wino, bila risiti.

Ni utaratibu unaochekwa sana, lakini mwandishi huutetea. Mjumbe aliyemwandikia alimuuliza jina la mwenye nyumba, akamtajia mpangaji aliyekuwa chumba kile kabla yake, akataka kujua kwa nini hajamwona msibani wiki iliyotangulia. Hakuna bili ya umeme inayoweza kuuliza hivyo.

Fomu ya benki ilikuwa na kitu kingine ambacho vijana wa leo hawatakiamini: kisanduku kitupu chenye maelekezo ya kuchora ramani ya kufika nyumbani. Mteja, awe mhasibu au muuza mitumba, aliinama kaunta akachora mistari miwili kuwa barabara kuu, mraba kuwa kituo cha mafuta, msalaba kuwa kanisa, na mshale wa kuelekea nyumbani. Mwandishi alipohamia Kimara Stop Over alichora Barabara ya Morogoro, njia ya vumbi inayoingia kulia, duka la Mangi, mwembe, na geti la bluu. Duka la Mangi ndilo lililokuwa nguzo ya ramani nzima.

Ramani ile ilikufa mwaka 2017. Alama za X nyekundu zilikuwa kwenye kuta za Kimara kwa muda mrefu, na mwaka huo tingatinga zikaja kweli, nyumba za kandokando ya Barabara ya Morogoro kuelekea Kibaha zikavunjwa kupisha upanuzi wa barabara. Duka la Mangi likaenda, na geti la bluu likaenda. Watu walibeba mabati yao kwenye maguta na kutawanyika Mbezi, Kibamba, Chanika na kwingineko. Wateja wale wote, katika mafaili ya benki, waliendelea kuishi kwenye michoro ya majengo ambayo juu yake sasa yanapita malori.

Na wapo ambao anwani yao ilibadilika wakiwa wamekaa kwenye viti vyao. Manispaa ya Ubungo ilipomegwa kutoka Kinondoni na kuanza kazi mwaka 2016, mkazi wa Kimara aligeuka mtu wa Ubungo. Kigamboni nayo ilimegwa kutoka Temeke. Mikoani ilikuwa hivyo hivyo: mwaka 2012 ilizaliwa Geita, Katavi, Njombe na Simiyu, na mwaka 2016 Songwe ikatoka Mbeya. Mtu wa Tunduma, mkoani Songwe, ambaye hajawahi kuhama hata chumba ana haki ya kuambiwa na karani kwamba taarifa zake zimepitwa na wakati.

Mwandishi alihamia Kibada, Kigamboni. Kibada ni moja ya maeneo yaliyopimwa katika mradi wa viwanja 20,000 wa miaka ya 2000, kwa hiyo nyumba ilikuwa na namba ya kitalu na ya kiwanja. Aliamini kwamba mambo yatakuwa mepesi. Karani wa benki yake alitazama namba ya kiwanja kwa mashaka, akauliza ni karibu na nini. Ikabidi iandikwe shule.

Taarifa zikabadilishwa tawini. Hata hivyo kadi yake mpya ilipotoka ilipelekwa tawi la zamani, na barua ya benki ikatumwa kwenye sanduku la mwajiri aliyekwisha kufunga ofisi. Kumbe taarifa za mteja zilikuwa zimehifadhiwa zaidi ya mahali pamoja, na fomu aliyojaza iligusa mahali pamoja tu.

Lakini kufikia hapo sanduku lilikuwa limeshapoteza cheo. M-Pesa iliingia Kenya mwaka 2007 na Tanzania mwaka 2008, na katika miaka michache namba ya simu ikawa ndiyo mahali ambapo fedha humkuta mtu. Posta yenyewe ilisalimu amri: nchini Kenya ikaja huduma ya MPost ya kuigeuza namba ya simu kuwa anwani ya barua, na Shirika la Posta Tanzania likaleta Posta Kiganjani. Benki zilifuata upepo huo huo. Salio huja kwa ujumbe mfupi, namba ya siri ya muda huja kwa ujumbe mfupi, onyo la muamala usioufahamu huja kwa ujumbe mfupi. Mtu anaweza kuhama kutoka Kibada hadi Bukoba na benki isikose kumpata. Akibadili laini, amepotea.

Mwandishi alilithibitisha hilo siku alipompigia mhariri mwenzake, mstaafu, kwa namba ya zamani. Ilipokelewa na sauti ya kijana. "Shikamoo mzee," alisema. "Huyo unayemtafuta simjui. Ila meseji za benki yake nazipata mimi kila mwisho wa mwezi." Laini ilikuwa imekaa bila kutumika, kampuni ikaiuza upya, na kijana wa Singida akawa anasoma pensheni ya mzee wa Dar es Salaam mpaka salio. Alikuwa kijana mwaminifu. Hilo ni jambo la bahati, na benki haipaswi kuendeshwa kwa bahati.

Hata usajili wa laini kwa alama za vidole, uliofikia ukomo wake Januari 20, 2020, haukuziba pengo hilo. Ulihakikisha kwamba laini ina mwenyewe. Haukuiambia benki kwamba mwenyewe amebadilika.

Mwaka 2022 ndipo nyumba zilipoanza kuhesabika. Februari, Rais Samia Suluhu Hassan alizindua operesheni ya anwani za makazi, na kwa kuwa Sensa ya Watu na Makazi ilipangwa Agosti 23 mwaka huo huo, kazi ilikwenda mbio. Vijana walipita Kibada na vishikwambi, nguzo za majina ya barabara zikasimikwa kwenye kona, vibao vya namba vikabandikwa ukutani. Majina ya barabara yalizua mabishano ya wiki kadhaa kwenye mikutano ya mtaa. Barabara ya mwandishi ilikaribia kupewa jina la mwembe ambao ulikuwa umeshakatwa. Nyumba ikapata namba, barabara ikapata jina, kata ikawa na postikodi ya tarakimu tano: za Dar es Salaam huanza na 1, za Dodoma na 4, za Zanzibar na 7.

Miezi michache baadaye, Oktoba 2022, Tanzania iliwekwa kwenye orodha ya kijivu ya FATF, chombo cha kimataifa kinachosimamia vita dhidi ya fedha haramu, na ikatolewa Juni 2025. Katika miaka hiyo mwandishi alipokea kutoka benki yake ujumbe wa kumtaka ahuishe taarifa. Alikwenda. Fomu ilikuwa imegeuka: mkoa, wilaya, kata, mtaa, barabara, namba ya nyumba, postikodi. Kisanduku cha kuchora ramani hakikuwepo, na S.L.P. ilikuwa imesukumwa chini kabisa, na maneno "kama lipo". Aliweka kidole kwenye mashine, taarifa za NIDA, mamlaka ya vitambulisho vya taifa, zikatokea, binti wa dawati la huduma kwa wateja akasema, "Baba, hapa panaonyesha bado uko Kimara."

Alikuwa na haki ya kuona hivyo. Namba ya NIDA ina tarakimu 20: nane za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa, na tano zinazofuata zinatokana na msimbo wa eneo ulikojiandikishia. Mwandishi alijiandikisha akiwa Kimara, kwa hiyo Kimara ile ya duka la Mangi ataibeba kwenye kitambulisho mpaka siku ya kufa, hata akijenga Bukoba. Binti alicheka, akaingiza Kibada.

Ni hatua kubwa, na mwandishi hana hamu ya kurudi kwenye kalamu ya kamba. Ila hukumu yake ni kwamba anwani mpya ya nyumba inaitumikia zaidi sheria kuliko mteja. Benki inaijua Kibada, lakini ikiwa na neno la haraka itaitafuta simu.

Kwa hiyo msomaji anayefunga virago aanze na namba ya simu: kama laini iliyoko benki haitumiki tena, hiyo ibadilishwe kabla hata ya kitanda kupakiwa kwenye gari. Kisha achukue barua ya serikali ya mtaa mpya yenye namba ya nyumba na postikodi, aende nayo pamoja na kitambulisho cha NIDA. Amuulize karani wazi kama mabadiliko yanafika kwenye kadi, mkopo na bima, au yanaishia kwenye akaunti peke yake. Na asitoke bila nakala ya fomu iliyogongwa muhuri wa tarehe.