Hadithi Zilipohama Nyimbo

Nilipokuwa nikiishi Portland, jimbo la Oregon, The Decemberists ndiyo ilikuwa bendi ya mji. Mimi walinivuta kwa hadithi kuliko magitaa. Mtunzi na mwimbaji wao, Colin Meloy, ana wimbo wa karibu dakika tisa katika albamu ya Picaresque ya 2005: baharia na adui yake wamekwama tumboni mwa nyangumi, na baharia ana kisasi cha mama yake. Ukumbini, nyangumi alipofika, sote tulipiga mayowe kama tunaomezwa sisi.

Mwaka uliofuata ikaja The Crane Wife, iliyotokana na ngano ya Kijapani ya korongo anayefuma kitambaa kwa manyoya yake mwenyewe. Mwaka 2009 akazidisha: The Hazards of Love, albamu nzima kisa kimoja, na malkia wa msitu humo. Wapo waliosema amepitiliza.

Basi Januari 2011 ilipotoka The King Is Dead nilishangaa. Nyimbo fupi fupi, kinanda cha mdomo, nyangumi hayupo. Ikashika namba moja kwenye chati ya Billboard. Agosti ndipo nilipoona hadithi zilikohamia: Wildwood, riwaya ya watoto ya Meloy yenye kurasa zaidi ya 500 na michoro ya mkewe, Carson Ellis, mchoraji wa majalada ya albamu zao.

Kunguru wanamnyakua mtoto mchanga. Dada yake Prue, wa miaka 12, anawafuata hadi msituni, ambako mbweha wamevaa sare za jeshi. Msitu wenyewe ni Forest Park ya hapo Portland, ng'ambo ya mto ukiwa mtaa wa St. Johns. Nilimsomea binti yangu nikitafsiri papo hapo. Kunguru hawakumtisha, maana Dar es Salaam aliwaona wakipora vitumbua mezani. Alichokishika ni mapatano: wazazi wa Prue walikosa mtoto, wakasaidiwa na mwanamke wa msituni kwa sharti kwamba wa pili atakuwa wake. "Baba, huyu si yule mganga wa sultani?" Ni yuleyule, wa ngano zetu za pwani, anayetoa dawa ya uzazi kisha akaja kudai fungu lake.

Katikati kitabu kinachosha, vita haviishi. Kwangu mimi, Meloy wa dakika tisa anamshinda Meloy wa kurasa 500. Binti yangu hakubali: vilipotoka vingine viwili, 2012 na 2014, alivisoma mwenyewe hadi mwisho. Mimi niliishia cha kwanza.